Chifu ametupa siku saba tuhame: je, ni halali?

Swali: Wazazi wangu walinunua kiwanja huku Changamwe, Mombasa, mwaka 1994, kwa barua ya mauziano tu. Juzi watu wamepita wakichora X nyekundu kwenye kuta. Chifu akatuambia barazani kuwa hii ni ardhi ya serikali na tunazo siku saba. Hatuna hati. Je, tuna haki yoyote?

Jibu: Mnayo, dada yangu. Ila tenganisha mambo mawili ambayo wanaowafukuza hupenda kuyachanganya: ardhi ni ya nani, na mtaondolewa vipi. Hata kama ardhi ni ya serikali kweli, hilo la pili lina sheria yake.

Sheria ya Ardhi ya Kenya, kama ilivyorekebishwa mwaka 2016, inasema katika kifungu cha 152C kwamba uamuzi wa kuwaondoa watu kwenye ardhi ya umma utangazwe na Tume ya Kitaifa ya Ardhi angalau miezi mitatu kabla. Utangazwe kwa maandishi, katika Gazeti Rasmi la Serikali na katika gazeti moja linalosomwa nchi nzima, na inapofaa redioni kwa lugha ya wenyeji. Neno la chifu barazani si ilani hiyo. Rangi ukutani pia si ilani.

Siku saba ndizo walizopewa wakazi wa kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, Nairobi, mwaka 2011. Walikimbilia mahakamani, wakapata amri ya kusimamisha ubomoaji, na bado Novemba nyumba zao zikabomolewa. Kesi ilichukua karibu miaka kumi. Januari 2021 Mahakama ya Juu ikasema jambo ambalo ningetaka kila mkazi wa mtaa kama wenu alijue: watu wasio na ardhi wakijenga makazi kwenye ardhi ya umma hawapati umiliki, lakini wanapata haki ya makazi inayolindwa na Kifungu cha 43 cha Katiba. Usilisome hilo kama hati miliki. Miaka yenu thelathini haiwapi umiliki dhidi ya serikali, na barua ya mauziano haiwezi kumpa mnunuzi kile ambacho muuzaji hakuwa nacho.

Basi fanyeni hivi, na mfanye wiki hii. Andikieni Tume na Naibu Kamishna wa Kaunti, mkiuliza ni nani aliyeamua, kwa nambari gani ya kiwanja, na ilani imechapishwa wapi. Barua ipigwe muhuri wa kupokelewa, nakala mbaki nayo. Ulizeni ofisi ya usajili wa ardhi kiwanja kimeandikishwa kwa jina la nani, maana “ardhi ya serikali” wakati mwingine hugeuka kuwa ya mtu binafsi aliyejificha nyuma ya tingatinga. Hata hivyo, mwenye shamba binafsi naye analazimika kutoa miezi mitatu kwa maandishi.

Msisubiri majibu ndipo mwende mahakamani. Siku saba zinakwisha upesi. Nendeni kwa pamoja Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Mombasa, mkaombe amri ya dharura. Chini ya kifungu cha 152F mahakama inaweza kuifuta ilani, kuibadilisha, kuisimamisha, au kuagiza fidia. Bebeni picha za nyumba na za hizo X, risiti za maji na stima, barua ya mauziano, na orodha ya familia zote, wazee na walemavu watajwe.

Wakija kabla ya amri, msisimame mbele ya mashine. Kifungu cha 152G kinawataka wajitambulishe na kuonyesha kibali rasmi, maafisa wa serikali wawepo, na ninyi mpewe nafasi ya kwanza kubomoa wenyewe na kuokoa mabati, milango na vyombo. Waambieni hivyo kwa sauti, mmoja wenu akirekodi kwa simu.