Soma kwanza kisa unachokijua: njia yangu ya kuingia kwenye vitabu vya Kiingereza

Mtu akiniomba nimpangie vitabu vya Kiingereza vya kuanzia, hutegemea nimtajie Shakespeare na Dickens palepale. Mimi humuuliza kwanza: umesoma Shamba la Wanyama, ile tafsiri ya Animal Farm ya George Orwell? Kama bado, namwambia aitafute hiyo ya Kiswahili, aimalize, ndipo tuendelee na mazungumzo.

Sababu yangu ni hii. Wengi wetu Tanzania tulisoma kwa Kiswahili mpaka darasa la saba, kidato cha kwanza tukatumbukizwa kwenye Kiingereza. Msomaji wa namna hiyo akifungua riwaya ya Kiingereza anabeba mizigo miwili kwa mpigo, lugha na kisa. Maneno hayajui, na nani kamfanyia nani nini hajui pia. Akifika ukurasa wa kumi amechoka, kitabu kinakwenda kukaa juu ya kabati. Ukiwa kisa unakijua tayari, umeshatua mzigo mmoja.

Shamba la Wanyama ilifasiriwa na Fortunatus Kawegere, ikatoka mwaka 1967. George Orwell mwenyewe aliitoa Animal Farm Agosti 1945. Ina sura kumi tu, na Kiingereza chake hakina madoido. Nilipoipata ya Kiingereza kwa wauza vitabu vya mitumba, nilijua tayari kwamba yule farasi mchapakazi ataishia kuuzwa kwa wachinjaji, kwa hiyo sikuwa na haraka ya kujua mwisho. Nilikuwa na nafasi ya kutazama jinsi inavyosemwa.

Na hapo ndipo penye utamu. Mnakumbuka zile Amri Saba, sheria ambazo wanyama walijiwekea baada ya kumfukuza bwana shamba, zilizoandikwa ukutani mwa ghala. Amri ya nne inakataza mnyama yeyote kulala kitandani. Nguruwe, ambao sasa ndio watawala, wanahamia nyumba ya bwana shamba, maneno yanaanza, Clover, yule farasi jike, anamwomba mbuzi Muriel amsomee ukuta. Sasa amri inakataza kulala kwenye kitanda chenye shuka. Kwa Kiingereza ni maneno mawili tu yameongezwa mwishoni. Sura ya nane amri ya kutouana nayo inaongezewa mawili, kwamba ni marufuku kuua bila sababu. Kisha ya pombe, mawili tena, kwamba ni marufuku kunywa kupita kiasi. Hakuna mwalimu wa sarufi aliyewahi kunionyesha kwa uwazi kama huo jinsi kipande kidogo cha mwisho kinavyoweza kugeuza sentensi nzima ya Kiingereza. Tangu hapo nasoma mkia wa kila sentensi, hata kwenye mkataba wa nyumba ya kupanga. Hasa kwenye mkataba wa nyumba ya kupanga.

Namna ya kusoma vitabu viwili pamoja: usiviweke ubavu kwa ubavu na kuvilinganisha mstari kwa mstari. Mfasiri hafungwi na mstari, na ukifanya hivyo utajikuta unamsahihisha yeye badala ya kusoma. Soma sura nzima kwa Kiswahili, funga, kisha soma sura hiyohiyo kwa Kiingereza. Kamusi ikae mezani, sio mkononi. Shika penseli, pigia mstari neno usilolijua, endelea. Ukimaliza sura, tafuta yale tu yaliyojirudia. Neno lililotokea mara moja likapita, liache lipite, kama lina umuhimu litarudi. Najua wapo wanaoandika kila neno jipya kwenye daftari. Nawaheshimu, ila sijaona wengi wao wakimaliza kitabu.

Kitabu cha pili ninachopendekeza ni cha mtu wa kwetu. Abdulrazak Gurnah alizaliwa Unguja mwaka 1948, akapata Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 2021. Riwaya yake Paradise ilitoka 1994, na tafsiri ya Kiswahili, Peponi, kazi ya Ida Hadjivayanis, ikatoka 2022. Kiingereza chake ni kizito kuliko cha Orwell, sentensi ni ndefu na hazina pupa. Lakini dunia iliyomo ni yetu: duka la pwani, msafara wa kwenda bara, bustani ndani ya ukuta, Wajerumani wanaingia nchini. Yusuf, mtoto wa miaka kumi na miwili, anachukuliwa na tajiri Aziz, na inachukua muda kabla hajaelewa kwamba yeye ni rehani ya deni la baba yake. Khalil, kijana wa dukani, anamtania kwa kumwita kifa urongo. Wewe uliyecheza utotoni na majani yenye jina hilo, ukiyagusa yanasinyaa, unacheka papo hapo. Msomaji wa London hana bahati hiyo. Kwa mara ya kwanza unasoma Kiingereza na mgeni si wewe, na kujiamini kunakotokana na hilo hakununuliki kwenye kozi yoyote.

Dickens anaweza kufuata, kwa sharti moja: msome kwa mwendo wake. Great Expectations ilitoka kwa vipande, kila wiki, kwenye jarida lake mwenyewe, kuanzia Desemba 1860 hadi Agosti 1861. Ni kama zile riwaya za magazetini kwetu zinazokukata pabaya na kukuambia itaendelea. Ukiimeza mfululizo kama maandalizi ya mtihani utaichukia. Soma sura moja au mbili kwa wiki, uingoje inayofuata. Utakutana pia na watu kama Joe mhunzi na yule mfungwa mtoro wa makaburini, ambao Dickens anayaandika maneno yao kama yanavyotamkwa vijijini. Kamusi haitakusaidia hapo, sikio litakusaidia. Yasome kwa sauti, au sikiliza bure kwenye tovuti ya LibriVox, ambako wasomaji wa kujitolea wamerekodi vitabu tangu 2005. Sauti nyingine ni nzuri, nyingine ni za kuvumilia. Kitabu chenyewe unakipata bure kwenye tovuti ya Project Gutenberg, na ukichagua faili la maandishi matupu halili bando.

Neno la haraka kuhusu vitabu vilivyofupishwa: havina ubaya, na kwa anayeanza vinafaa sana. Ila angalia jalada. Ukishika Dickens ya kurasa themanini, ujue umeshika muhtasari.

Halafu Shakespeare. Hapa tuna bahati ambayo hatuitumii. Mwalimu Nyerere alifasiri Julius Caesar, ikatoka 1963, akairudia na kuisahihisha, ikatoka tena 1969 kwa jina la Juliasi Kaizari. Mwaka huohuo ikatoka Mabepari wa Venisi, tafsiri yake ya The Merchant of Venice. Anza na Kaizari, ila usianze mwanzo. Nenda moja kwa moja tendo la tatu, onyesho la pili, mbele ya maiti ya Kaizari. Bruto, mmoja wa waliomuua, anawahutubia wananchi kwa nathari, kwa hoja, na wanamwelewa. Kisha anapanda Antonio, rafiki wa marehemu, anahutubia kwa ushairi, na kila mara anawakumbusha kwamba Bruto ni mtu mwenye heshima zake. Mara ya kwanza ni sifa. Akiendelea kuirudia, umati umeshaanza kuwaka moto. Isome kwanza ya Mwalimu, maana Kiingereza cha miaka mia nne iliyopita kinamchosha hata Mwingereza, kisha igeukie ya Shakespeare.

Msisome peke yenu. Ile ni tamthilia, iliandikwa isemwe. Tafuta rafiki mwenye sauti awe Antonio, wewe uwe Bruto, waliobaki wawe wananchi wa Roma na wapige kelele zao bila aibu. Nakala za Mwalimu madukani ni za kubahatisha, kwa hiyo ukiwa Dar es Salaam ulizia Maktaba Kuu pale barabara ya Bibi Titi Mohamed, au wauza mitumba wa Posta, na usiende na noti kubwa mkononi kabla hamjaelewana bei. Tamthilia iliyobaki baada ya hotuba hiyo si lazima mwaimalize mara moja. Ni vita na mahema mpaka mwisho, na mimi binafsi bado hainivutii.