Dada, usilipe kabla hujauliza utapanda basi mara ngapi

Dada, kama bado hujalipa, acha hapo hapo. Na kama umeshalipa, ghairi leo hii, usingoje wiki ya safari, maana wengi hurudisha hela ukiwahi.

Umesema uko Osaka kwa warsha, una Jumamosi moja tu ya kwenda Kyoto, na umepata ziara fupi "ya kutembea kwa miguu", mahekalu sita kwa saa nne, yenye mwongoza watalii. Ukauliza kama bei ni ya haki, uvae viatu gani, ubebe yeni taslimu kiasi gani na chakula halali utakipata wapi. Mimi nimekwama hapo kwenye sita kwa saa nne. Ratiba uliyobandika naijua. Siyo kwamba inafanana na niliyouziwa mimi, ni ile ile, wameongeza hekalu moja tu.

Novemba 2023 nilikuwa Osaka kwenye mafunzo ya miezi mitatu. Mke wangu akapata likizo ya siku chache, akaja kutoka Dar. Tukipiga hesabu ya siku zake, Kyoto ilipata moja. Nilitaka siku hiyo iwe ya kukumbukwa, kwa hiyo sikutaka kubahatisha, nikatafuta ziara yenye mtu wa kutuongoza. Kuna kijana mmoja anayetengeneza video kwa Kiswahili, ana wafuasi wengi, alikuwa ameipigia debe ziara hiyo kwa nguvu zote: "Kyoto nzima kwa nusu siku, mahekalu matano, unatembea tu mdogo mdogo." Nikalipa yeni 9,500 kwa kila mtu, 19,000 kwa wawili. Viingilio na nauli juu yetu. Na kabla hajaja mtu hapa kuniambia sikusoma masharti, nilisoma yote, hadi ile herufi ndogo ya chini. Hakuna mahali palipoandikwa kwamba zaidi ya nusu ya ziara ya miguu utakuwa umening'inia kwenye basi.

Fungua ramani uone mwenyewe mahali palipo kwenye ratiba hiyo. Fushimi Inari iko kusini mwa jiji. Kinkaku-ji, lile hekalu la dhahabu, liko kaskazini magharibi, zaidi ya kilomita kumi ukifuata barabara, na hakuna treni inayokufikisha mlangoni, lazima basi. Hekalu la Kiyomizu-dera liko mashariki, limeegemea vilima. Hizo ni pembe tatu za jiji. Ni sawa na mgeni ashuke Zanzibar aambiwe kwa saa nne atatembea kwa miguu Mji Mkongwe, Jozani na Nungwi. Wewe ungemwacha alipe?

Tulikutana saa 6 mchana kituo cha Kyoto, watu kumi na wanane, kijana mbele kashika kibendera. Fushimi Inari tulipewa dakika ishirini na tano. Hapo ni mahali pa ibada ya Inari, mungu wa mpunga na biashara, pamekuwepo tangu mwaka 711, na nyuma yake kuna mlima mzima wenye maelfu ya malango mekundu ya torii, yamesongamana mpaka yanakuwa kama pango. Tuliingia kwenye malango machache ya mwanzo, tukapiga picha, kibendera kikapanda juu: twendeni, twendeni.

Kisha basi. Mwishoni mwa Novemba ndiyo majani ya miti yao ya momiji yanageuka mekundu na Japani nzima inahamia Kyoto. Basi lilijaa, watu wamebeba masanduku, sisi tumesimama, foleni haiendi. Saa nzima. Mke wangu alikuwa amevaa viatu vipya alivyonunua kwa ajili ya safari, akaegemea nguzo ya basi amefumba macho. Hiyo ndiyo Kyoto aliyoiona kwa muda mrefu kuliko sehemu nyingine yoyote.

Kinkaku-ji tulizungushwa kwenye njia ya changarawe kama maji kwenye mfereji. Kijana hakutuambia hata kwamba jengo lile la dhahabu lilichomwa moto na mtawa kijana mwaka 1950, likajengwa upya na kukamilika 1955. Niliyajua baadaye. Karibu na njia ya kutokea kuna ukumbi mdogo wa Fudo, mmoja wa walinzi wa dini ya Kibuddha, watu wanatupa sarafu na kuomba. Wenzetu wakapiga makofi mawili, na sisi tukafuata. Kumbe makofi ni ya jinja, yaani mahali pa ibada ya Shinto, penye lango la torii: unainama mara mbili, unapiga makofi mawili, unainama tena mara moja. Kwenye tera, hekalu la Kibuddha, unakutanisha viganja kimya kimya. Watu kumi na wanane tumepiga makofi pasipopigwa, na mwongozaji amesimama pembeni anasoma simu. (Wala si lazima uombe, hakuna anayekulazimisha. Lakini ukiingia nyumba ya ibada ya watu, ujue unafanya nini.)

Basi tena, kurudi mashariki hadi hekalu la Sanjusangen-do. Hapa ndipo paliponiuma na panauma mpaka leo. Ndani ya ukumbi huo, wenye urefu wa kama mita 120, kuna sanamu 1,001 za Kannon, mtakatifu wa huruma wa Kibuddha, zimesimama safu kwa safu. Mke wangu alikuwa ameiona picha yake kwenye kitabu tangu akiwa sekondari. Katika orodha yote, hilo ndilo alilotaka. Sasa sikiliza: kuanzia tarehe 16 Novemba ukumbi ule hufungwa saa 10 jioni badala ya saa 11, na mwisho wa kuingia ni nusu saa kabla, yaani saa 9 na nusu. Sisi tulifika saa 9 na dakika arobaini na tano. Mlinzi wa getini, mzee mwenye glavu nyeupe, aliinama, akavuka mikono kifuani kuonyesha hapana, akainama tena. Mke wangu aliniangalia tu. Kijana wa kibendera akasema ni bahati mbaya, foleni. Bahati mbaya gani? Tarehe ya kubadilika saa inajulikana mwaka mzima! Anayeuza ratiba hiyo Jumamosi ya Novemba anajua kabisa utakuta pamefungwa.

Akatupeleka mpaka chini ya mteremko wa Kiyomizu-dera, akanyoosha kidole juu, "hekalu liko kule", akanyoosha upande wa pili, "Kennin-ji iko kule Gion", akatushukuru, saa nne zimekwisha. Mahekalu mawili ya mwisho tumeonyeshwa kwa kidole. Hiyo siyo ziara ya mahekalu, ni ziara ya vituo vya basi.

Niliwaandikia wakala. Wakajibu kwamba ratiba "inaweza kubadilika kulingana na hali". Nikamwandikia yule kijana wa video, akaniandikia "pole kaka, ndiyo safari" na kuniwekea kikaragosi kinacheka. Yeye alikuwa anapata kamisheni kwa kila anayepitia kwenye kiungo chake, na nina uhakika hajawahi kuipanda ziara ile hata siku moja, maana angeipanda asingethubutu kuwaambia watu "mdogo mdogo". Mtu unamwamini kwa sababu anaongea lugha yako, anakuita ndugu, kumbe anakuuza. Hilo silisahau.

Kwa hiyo kanuni yangu ni moja. Kabla ya kulipa, waandikie swali hili: kuanzia mnapokutana mpaka mnapoagana, nitapanda chombo cha usafiri mara ngapi? Jibu likiwa zaidi ya sifuri, achana nao. Ziara fupi ya miguu ni mtaa mmoja na mahali pawili au patatu. Wakikujibu kwa kuzunguka, "usafiri ni rahisi sana, usijali", hapo ndipo ujali.

Nalisema hili kwa sababu nilirudi. Desemba, peke yangu, mke wangu ameshaondoka. Safari hii nilichukua ziara ya saa tatu, watu watano, mtaa wa Higashiyama peke yake. Mwongozaji alikuwa mama wa makamo mwenye leseni ya taifa, kitambulisho kinaning'inia shingoni. Hilo nalo uliza: tangu 2018 Japani mtu yeyote anaruhusiwa kuongoza wageni kwa malipo hata bila leseni, kwa hiyo mwenye kibendera anaweza kuwa yeyote yule. Miji mingi pia ina waongozaji wa kujitolea. Hao huwalipi ujira, unawalipia gharama zao kama nauli na kiingilio, ila waombe mapema.

Tulikutana saa 1 asubuhi getini Kiyomizu-dera, ambayo hufunguliwa saa 12. Baridi, watu wachache, mtu anafagia majani kwa fagio refu la mianzi. Wengine wote hupiga picha wakiwa juu ya lile jukwaa la mbao la hekalu. Yeye alitushusha chini yake, akatusimamisha pale karibu dakika kumi na tano. Jukwaa lina kimo cha mita 13 hivi, linabebwa na nguzo 18 za mti wa keyaki, nene kama magogo ya mtumbwi. Hakuna msumari. Mihimili imepenyezwa kwenye matundu ya nguzo na kukazwa kwa kabari za mbao, na kila ncha ya mhimili imevikwa kibao kidogo cha kuikinga na mvua. Jengo hilo ni la mwaka 1633, baada ya lililotangulia kuungua. Akatuambia Mjapani akijipa moyo kufanya uamuzi mkubwa husema anaruka kutoka jukwaa la Kiyomizu.

Kutoka hapo tukashuka ngazi za mawe za Sannenzaka na Ninenzaka, maduka bado yamefungwa, mnara wa Yasaka unatokeza juu ya mapaa. Mnara huo ni wa tera, lakini mahali pa ibada pa Yasaka, mbele kidogo, ni jinja, na hapo tulifundishwa kunawa: unashika kata ya kuchotea maji kwa mkono wa kulia, unaosha wa kushoto, unabadilisha, unasukutua kwa kiganja, halafu unasimamisha kata wima ili maji yaliyobaki yateremke yaoshe mpini kwa ajili ya atakayefuata. Ziara nzima ya kwanza hakuna aliyetuonyesha kitu kama hicho.

Tukamalizia Kennin-ji, iliyoanzishwa 1202, inapofunguliwa saa 4. Viatu unavua mlangoni, kwa hiyo kuhusu viatu: vya kuchomeka mguu, visivyo na kamba, soli isiyoteleza, na soksi isiyo na tundu. Kwenye dari ya ukumbi wa mafundisho kuna madragoni mawili yaliyochorwa 2002, hekalu lilipotimiza miaka 800. Huko picha inaruhusiwa. Nikapiga, nikamtumia mke wangu, Dar ilikuwa saa 10 alfajiri. Alipoamka akajibu, "Kumbe ndiyo ile aliyotuonyesha kwa kidole?" Sikuwa na la kumjibu.

Yule mama aliponisikia nikisimulia Fushimi Inari aliniuliza swali moja: "Uligeuka nyuma?" Sikuelewa. Akasema ukipanda, malango ni rangi nyekundu tupu. Ukigeuka ndipo unaona upande wa pili wa kila nguzo umechongwa maandishi meusi, jina la mtu au biashara iliyolitoa lango hilo na tarehe. Mchana ule ule nilikwenda. Kituo cha Gion-Shijo kiko karibu na Kennin-ji, treni ya Keihan inakupeleka hadi Fushimi-Inari, hakuna kiingilio na hapafungwi usiku wala mchana. Pale tuliposimama na mke wangu kupiga picha nikageuka, na kweli, maandishi yalikuwa yamejaa kutoka chini mpaka juu, na sisi tulikuwa tumeyapa mgongo.

Kwa hiyo wewe asubuhi chukua Higashiyama na mwongozaji, Inari nenda mwenyewe jioni. Na ukishawauliza hilo la mabasi, bandika jibu lao hapa tulione.