Kwa anayeanza kuandika habari za wanakriketi wa zamani

Wengi wanaoingia katika kazi hii hukimbilia jumla. Wanafungua kitabu cha takwimu, wanakuta Wilfred Rhodes, mrushaji wa kaunti ya Yorkshire huko Uingereza, alichukua wiketi 4,204 (yaani aliwatoa wapigaji mara 4,204), wanainakili, basi. Kesho anatokea mtu na kitabu kinachosema 4,187, ubishi unaanza. Vitabu hivyo havikubaliani tu kuhusu mechi zipi zihesabiwe za daraja la kwanza, yaani za kiwango cha juu. Chagua hesabu moja, ishike mwanzo hadi mwisho, na mwambie msomaji ni ipi.

Jumla iache mwishoni. Pitia msimu mmoja baada ya mwingine, na kila mara tazama mtu huyo alikuwa akipiga wa ngapi kati ya wachezaji 11 wa timu. Kwa Rhodes, habari yote imo humo. Yorkshire walimchukua mwaka 1898, baada ya kumfukuza Bobby Peel kwa ulevi mwaka uliotangulia na kubaki bila mrushaji wao wa mkono wa kushoto. Msimu wa kwanza tu alipata wiketi 154. Mwaka 1900, 261. Desemba 1903, katika mechi ya Testi (mechi ya timu za taifa) mjini Sydney, aliingia kupiga akiwa wa 11, wa mwisho kabisa, akasimama na R. E. Foster mpaka wakaongeza mikimbio (alama za kriketi) 130. Februari 1912 mjini Melbourne alikuwa ndiye anayefungua, yaani kuanza kupiga, pamoja na Jack Hobbs. Walikusanya 323 kabla ya wiketi ya kwanza kuanguka, na Rhodes akaendelea hadi kufikisha 179. Katika mfululizo huohuo wa Testi hakupata wiketi hata moja! Mrushaji bora wa Uingereza alikuwa amegeuka mpigaji.

Halafu Vita Kuu ya Kwanza. Major Booth, mrushaji wa Yorkshire (Major ni jina lake, si cheo), aliuawa katika mapigano ya Somme, Ufaransa, mwaka 1916, na Alonzo Drake akafariki mwanzoni mwa 1919. Klabu ikabaki na pengo, na Rhodes, akiwa na miaka 41, akarudi kurusha. Mwaka 1926, akiwa na miaka 48, aliitwa tena timu ya taifa katika uwanja wa The Oval, akachukua wiketi 4 kwa mikimbio 44 siku Uingereza iliporudisha Ashes, taji wanaloshindania na Australia, kutoka kwa wapinzani hao. Ninawaambia vijana wote ninaowasaidia: kipindi hiki kipeni nafasi kubwa kuliko ule msimu wa wiketi 261. Mtu aliyejenga kazi yake mara tatu anastahili kuandikwa mara tatu.

Jambo la pili ni tabaka lake. Kwenye kadi za mechi za wakati ule, mchezaji wa ridhaa, yaani asiyelipwa, aliandikwa herufi za kwanza mbele ya jina. Wa kulipwa mara nyingi aliachwa na jina la ukoo tu. Viwanja vingi vilikuwa na milango na vyumba tofauti kwa makundi hayo, na utengano huo ulidumu hadi 1962. Rhodes alikuwa wa kulipwa, na pamoja na ujuzi wake wote hakuwahi kuteuliwa nahodha wa kaunti yake. Nafasi hiyo ilikuwa ya watu wa ridhaa kama Lord Hawke. Usimwandike kana kwamba alicheza kujifurahisha. Hicho ndicho kilikuwa kibarua chake, na ni haki yake msomaji alijue hilo.

Ova, yaani zamu ya mipira ambayo mrushaji mmoja hurusha mfululizo, nazo zina mtego: kuanzia 1889 hadi 1899 ova ya Uingereza ilikuwa na mipira 5, kuanzia 1900 ikawa 6. Usilinganishe kabla hujabadilisha hesabu.

La mwisho ni mvua. Sehemu ya kuchezea haikufunikwa mchezo ukiendelea, na jua likipiga juu ya udongo uliolowa, mpira wa polepole wa mkono wa kushoto uliruka na kupinda vibaya sana. Kabla ya kumsifu mrushaji kwa wiketi 8 za mchana mmoja, tafuta gazeti la mji ule la siku ile usome ilinyesha saa ngapi.