Jibu: Kwa nini Dons wa 1951 hawakualikwa popote?
Mkuu, umeuliza iweje Dons, yaani timu ya futiboli ya Kimarekani ya Chuo Kikuu cha San Francisco ishinde mechi zote 9 mwaka 1951, halafu isialikwe kwenye hata moja ya zile mechi kubwa za kufunga msimu. Ratiba yao haikuwa ngumu sana, hilo nakubali, lakini tatizo lilikuwa rangi. Kikosini walikuwamo weusi wawili, Ollie Matson na Burl Toler, na waandaaji wa mechi hizo huko kusini mwa Marekani hawakuwataka. Wakadokezewa: waacheni hao wawili, mtaalikwa. Wachezaji wakakataa katakata. Na Matson wa kumwacha yupi? Mwaka ule ndiye aliyeongoza nchi nzima kwa kukimbia na mpira, yadi 1,566!

Chuo, ambacho timu ilikuwa inakitia hasara, kikaivunja msimu ulipoisha. Matson na wenzake kikosini Gino Marchetti na Bob St. Clair wote waliingia kwenye Ukumbi wa Magwiji wa ligi ya kulipwa (NFL). Toler aliumia goti, akageukia uamuzi, na mwaka 1965 akawa mwamuzi wa kwanza mweusi NFL.