Maswali Yenu: Mrudishaji, Mtu wa Kazi Mbili

Barua za safari hii zimeelemea mpira wa Kimarekani, na hasa yule mchezaji anayesimama peke yake nyuma kabisa akingoja mkwaju ushuke. Kwa wageni wa mchezo: yadi moja ni sentimita 91, uwanja ni yadi 100 kutoka mstari wa goli hadi mwingine, na nyuma ya kila mstari kuna eneo la goli la yadi 10. Tachidauni ni pointi 6.

Wahariri, salamu. Kijana wangu kutwa yu kwenye simu akitazama video za mtu aitwaye Devin Hester. Mara nasikia ni mpokeaji, mara mrudishaji. Kazi yake hasa ni ipi, na mbona asifiwa hivyo kama pasi alizodaka si nyingi?
— Mzazi, Kisauni

Yote mawili ni kweli. Mpokeaji hukimbia pembeni kudaka pasi za kwotabeki, yule mrusha pasi wa timu. Mrudishaji huingia wapinzani wanapopiga mpira kwa mguu: ama mkwaju wa kuanzia mchezo, ama panti, ambayo timu huipiga ikishaona haitapata yadi 10 zake kabla ya majaribio 4 kwisha. Yeye huudaka mpira huo na kurudi nao mbio kadiri atakavyoweza, na watu 11 wanamjia.

Hester alichukuliwa na timu ya Chicago Bears ya NFL, ligi kuu ya Marekani, mwaka 2006, raundi ya 2, akiwa wa 57 katika uteuzi wa wachezaji wapya. Alichukuliwa kama beki. Msimu huo wa kwanza alirudisha mikwaju 6 mpaka goli, mmoja wao ukiwa jaribio la goli (mkwaju wa kupitisha mpira kati ya milingoti) la timu ya Giants lililopungua, akakimbia nalo yadi 108. Tarehe 4 Februari 2007, kwenye Super Bowl, fainali ya ligi, dhidi ya Indianapolis Colts, aliudaka mkwaju wa kwanza kabisa wa mechi akaenda nao yadi 92 hadi goli. Bears walifungwa 29–17 hata hivyo.

Mwaka 2007 akaongeza 6 tena, na mwaka huo huo ndipo akahamishiwa upokeaji. Sasa tazama kilichofuata. Mwaka 2008 alidaka pasi 51 za yadi 665, na 2009 pasi 57 za yadi 757. Marudisho ya kufika goli misimu hiyo miwili: sifuri. Mwaka 2010 yakawa 3, na 2011 yakawa 3 mengine. Kwa maoni yetu hapo hakuna muujiza. Mpokeaji wa kutegemewa hukimbia mbio za kasi mara kadhaa wa kadhaa kwa mechi, hata zile ambazo pasi haiji kwake, na miguu hiyo hiyo ndiyo inayoitwa tena panti ikipigwa.

Alimaliza na pasi 255, yadi 3,311 na tachidauni 16 za kupokea. Hizo ni hesabu za mpokeaji wa kawaida. Kilichomtenga na wengine ni marudisho 20 ya goli: panti 14, mikwaju ya kuanzia 5, na lile jaribio la goli. La 20 alilipata akiwa Atlanta Falcons mwaka 2014, akaipita rekodi ya Deion Sanders ya 19. Mwaka 2024, ikiwa mara ya tatu kustahiki kupigiwa kura, aliingizwa kwenye Ukumbi wa Mashujaa kule Canton, Ohio, wa kwanza kuingia kwa kazi ya urudishaji hasa. Tunaona walimchelewesha.

Je, kwa mpokeaji mchanga, kurudisha mikwaju kunamjenga au kunampotezea muda?
— Mwanafunzi, Tudor

Kunamlisha. Kikosi cha timu ya NFL wakati wa msimu ni watu 53, na wapokeaji ndani yake huwa 5 au 6 tu. Watatu wa kwanza wamo kwa ajili ya pasi. Wa tano na wa sita hawapewi nafasi ya kukaa bure: kocha wa mikwaju lazima apate kazi ya kuwapa, kurudisha, au kumzuilia anayerudisha, au kuwakimbilia wapinzani. Mpokeaji asiye na lolote kati ya hayo hukatwa mwishoni mwa Agosti, hata awe na mikono mizuri.

Wengine huutumia mlango huo kuingilia, kisha wakauacha. Steve Smith aliingia Carolina Panthers mwaka 2001 akiwa mrudishaji, na mkwaju wake wa kwanza kwenye ligi aliufikisha goli. Mwaka 2005 aliongoza ligi nzima kwa yadi za kupokea (1,563), na kwa pasi (103) na tachidauni za kupokea (12) alikuwa kileleni sawa na mchezaji wa timu nyingine. Mtu akifika hapo, kwa kawaida kocha hapendi kumweka tena chini ya panti. Hasara ya goti lake ni kubwa mno.

Wakubwa, shikamooni. Nacheza winga kwenye raga ya watu saba na mipira ya juu naidaka vizuri. Wenzangu wanasema kudaka panti ni kitu kile kile. Ni kweli? Na nikitaka kujifunza, naanzaje bila zile mashine zao za kurusha mipira?
— Winga, Changamwe

Marahaba. Si kitu kile kile, na tofauti inaanzia kwenye mpira wenyewe. Wa raga una mzingo wa sentimita 58 hadi 62 kiunoni. Wa Kimarekani ni 53 hadi 54 tu. Wa raga hujazwa psi (kipimo cha shinikizo la hewa) 9.5 hadi 10. Huu hujazwa 12.5 hadi 13.5. Ni mwembamba, ni mgumu, na ukigonga kifua bila mikono kuwahi, unaruka. Ukiupata wa mtumba soko la Kongowea, mpelekee fundi wa baiskeli mwenye pampu ya geji kabla hujaanza mazoezi, maana mpira laini utakufundisha uongo.

Tofauti ya pili ni adhabu. Kwenye raga ukiuangusha mbele, mwamuzi anaita skramu, mnasukumana na mchezo unaanza upya. Panti ikikugusa ikakuponyoka, ni ya atakayeiwahi. Wapinzani wakiiangukia wanapewa mpira pale pale, ingawa hawaruhusiwi kuinuka na kukimbia nao. Lakini ukishaushika sawasawa kisha ukakutoka, hapo wanaweza kuuokota na kwenda nao mpaka goli. Jarryd Hayne, nyota wa raga ya watu 13 kutoka Australia, aliingia San Francisco 49ers mwaka 2015, na panti yake ya kwanza kwenye msimu rasmi ilimponyoka. Huyo alikuwa mtu aliyedaka mipira ya juu maisha yake yote.

Simama yadi 40 hadi 45 nyuma ya mstari ambao wapinzani wanaanzia mchezo wao. Mguu ukigusa mpira, tazama pua yake. Ikigeuka na kuinama kileleni, mpira unakwenda mbali: rudi nyuma mapema. Pua ikibaki juu, mpira utakufa njiani, nawe usogee mbele. Mpigaji wa mguu wa kushoto huuzungusha kinyume, kwa hiyo unapepea upande usiouzoea. Muulize mtu anatumia mguu gani kabla ya mechi, si baada ya kuuangusha. Mpira ukiwa kileleni, tupa jicho mara moja kuona wakimbiaji wamefika wapi, kisha lirudishe juu wala usiliondoe tena.

Miguu ndiyo inayodaka. Wahi mahali mpira utakapoangukia, simama, piga magoti kidogo, uupokee mwili ukiwa unaelekea mbele. Viwiko vibanane mbele ya mbavu, viganja viangalie juu, vidole vidogo vikaribie kugusana, mpira utue kati ya mikono na kifua. Kule kuruka na kuudaka juu ya kichwa, kama mfanyavyo nyinyi wa raga, kuache uwanjani kwenu: hapa hakuna anayegombea mpira na wewe angani, maana mpinzani akikuingilia kabla hujaudaka ni adhabu ya yadi 15. Makosa tunayoyaona zaidi ni viwiko kuachana, mpira ukapita katikati, na macho kutangulia kutafuta njia kabla mikono haijafunga.

Halafu kuna uamuzi, na hapa ndipo warudishaji wengi wanapoachishwa kazi. Panti nzuri hukaa hewani sekunde 4.5 na zaidi. Mkimbiaji mwepesi humaliza yadi 40 kwa muda huo huo. Maana yake anaweza kufika pamoja na mpira. Mkiwa na nafasi ya mita 5 au pungufu kati yenu, inua mkono mmoja wote juu ya kichwa uupunge upande hadi upande. Hiyo ni ishara ya kudaka kwa amani: hakuna wa kukugusa, nawe huruhusiwi kukimbia. Inafanana na ile ya kuita maki kwenye raga, ila hii hutolewa kabla ya kudaka, kwa mkono badala ya sauti, na popote uwanjani. Mkono wa nusu nusu ni adhabu ya yadi 5.

Karibu na goli lako, weka visigino kwenye mstari wa yadi 10 na usirudi nyuma hata hatua. Mpira ukikupita juu, uache. Mara nyingi utaingia eneo la goli na timu yako itaanzia yadi 20. Ukidunda mbele yako, kimbia mbali nao na uwapigie wenzako kelele wafanye hivyo, kwani ukimgusa kisigino mwenzako mmoja tu anayezuia, umekuwa mpira wa wote. Timu nyingi huwa na neno moja la kelele walilokubaliana kwa ajili hiyo.

Mazoezi bila mashine yanawezekana. Anza na mwenzio akurushie kwa mkono, juu sana, kutoka mita 15, mipira 20 au 30 kwa siku, kisha mhamie kwenye mkwaju. Ukizoea, shika mpira mmoja kwapani na udake wa pili kwa mkono uliobaki. Zoezi hilo linalazimisha miguu ifike mapema kwa sababu mkono mmoja hauwezi kufidia. Mwisho, mtu apite mbio karibu nawe akipunga mikono usoni wakati mpira unashuka.

Fanyeni hayo kwenye upepo pia. Miezi ya kusi kwenye kiwanja kilicho wazi kwa bahari, mpira uliopigwa dhidi ya upepo husimama angani kisha ukaanguka mbele yako. Uliopigwa na upepo mgongoni hukupita kichwani. Tupa majani makavu hewani kabla ya kila zamu. Upepo wa ubavuni ukiwepo, anzia upande ambao mpira unapelekwa, ili uje kwako badala ya kukukimbia.

Ukishaudaka, ibane pua ya mpira kwa vidole, mkia wake uingie kwenye kiwiko, mkono uwe wa upande wa mstari wa pembeni. Mkwepe mtu wa kwanza, kisha nenda mbele. Usirushe pasi ya pembeni ya raga, hata ikikuwasha mkono.

Siku hizi mkwaju wa kuanzia naona watu wamesimama kama wamegandishwa. Sheria imebadilika?
— Mtazamaji, Likoni

Imebadilika tangu 2024. Mpigaji yuko peke yake kwenye yadi 35 yake, yaani yadi 35 kutoka mstari wake wa goli. Wenzake 10 wanapangwa kwenye yadi 40 ya wapinzani. Wazuiaji wasiopungua 9 wanasimama kati ya yadi 30 na 35 za upande wao, na warudishaji wasiozidi 2 nyuma yao. Hakuna wa kusogea, isipokuwa mpigaji na warudishaji, mpaka mpira uguswe au utue. Shabaha ilikuwa kuondoa zile mbio za yadi 50 zilizoishia kwa kugongana vichwa.

Mpira lazima utue kati ya yadi 20 na mstari wa goli, na ukitua humo ni lazima urudishwe. Ukipungukiwa, timu inayopokea inaanzia yadi 40. Ukiingia eneo la goli bila kudunda na usirudishwe, inaanzia yadi 35; msimu wa 2024 ilikuwa 30, na mabadiliko hayo ya 2025 ndiyo yaliyowafanya wapigaji waache kuupeleka huko makusudi. Wengi sasa wanaupiga chini, wenye kuyumba, udunde mbele ya mrudishaji. Kwa hiyo mrudishaji wa leo anahitaji mikono ya kuokota pia.

Kijana wa Mombasa anaweza kufika huko? Na mchezo wa bendera kwenye Olimpiki je?
— Kocha wa shule, Bamburi

Njia ipo, ila ni nyembamba. Daniel Adongo, mzaliwa wa Nairobi aliyetokea raga, alisajiliwa na Indianapolis Colts mwaka 2013 akawa Mkenya wa kwanza kucheza NFL, zaidi kwenye vikosi vya mikwaju. Tangu 2017 ligi ina mpango wa wachezaji wa kimataifa, na tangu 2024 kila timu inaruhusiwa nafasi ya 17 kwenye kikosi cha mazoezi kwa mchezaji wa aina hiyo, juu ya 16 za kawaida. Msiwape vijana tamaa ya bure lakini: Louis Rees-Zammit, winga wa Wales mwenye kasi isiyo na ubishi, aliacha raga Januari 2024 kuingia mpango huo, na 2025 alirudi raga bila kucheza hata mechi moja ya msimu rasmi.

Mchezo wa bendera, ambamo mwenye mpira husimamishwa kwa kung'olewa bendera ya kiunoni badala ya kuangushwa, utakuwepo Los Angeles 2028, watu 5 kwa 5, uwanja wa yadi 50 kwa 25 bila kuhesabu maeneo ya goli. Kwa shule ni rahisi: mikanda, bendera, mpira mmoja. Ila huko hakuna panti wala mkwaju wa kuanzia; timu huanzia yadi 5 yake. Mfundishe kijana kazi ya mpokeaji, maana ya mrudishaji haipo.

Mechi zaonyeshwa saa ngapi kwetu?
— Mpenzi wa michezo, Mtwapa

Jumapili za Septemba na Oktoba, za kwanza ni saa 2 usiku, za pili karibu saa 5 na nusu usiku, na ile ya usiku wa Marekani ni saa 9:20, Jumatatu alfajiri. Jumapili ya kwanza ya Novemba Wamarekani hurudisha saa zao nyuma, kwa hiyo ongeza saa moja kwa zote. Super Bowl ni Februari, saa 8 na nusu usiku wa kuamkia Jumatatu.