Khamis ni tano, Jumatano nayo ni tano, sa inakuaje?

Swali: Mi naitwa Khamis. Nimeambiwa jina langu maana yake ni tano, ila nikihesabu siku naona Alhamisi ni ya sita, ya tano ni Jumatano. Na nyumbani wananiambia nilizaliwa Jumatano, sa jina hili nimepewaje? Halafu kuna jamaa tuko nae kazini jina moja, nimwite somo au wajina?

Jibu: Hujakosea kuhesabu, tena umegusa kitu ambacho wengi wanakipita kila wiki hawakioni, kwamba Kiswahili kina siku mbili za tano na zimefuatana! Waarabu wanaanza kuhesabu Jumapili, kwao hiyo ndo ya kwanza, kwa hiyo ukienda nao moja mbili tatu unafika tano siku ya Alhamisi, na Khamis imetoka kwenye mzizi uleule wa khamsa, yani tano, ndugu yake ni hamsini ambayo unaitumia kila siku. Hiyo Al ya mbele ni kiambishi chao tu, kwenye jina la mtu imeachwa. Sisi Waswahili tukaifanya Ijumaa ndo mwisho wa juma, siku ya watu kukusanyika kuswali, kesho yake tunaanza upya na Jumamosi (hiyo mosi ni moja ya zamani, ipo pia kwenye Mei Mosi), tukaenda mosi, pili, tatu, nne, tano, tukaishia Jumatano. Hapo hesabu yetu ikakatika, siku mbili zilizobaki tukaziacha na majina yake ya Kiarabu. Ndo maana tano yetu ya Kibantu imekaa jirani kabisa na tano ya Kiarabu, na hakuna aliyekosea, kila mmoja kaanzia kwake.

Sasa hilo la kuzaliwa Jumatano. Kabla hujawalaumu wazee uliza ulizaliwa saa ngapi. Kwa hesabu ya zamani ya pwani siku haianzi saa sita usiku, inaanza jua likizama, ndo maana mpaka leo utasikia mtu anasema "usiku wa kuamkia Ijumaa", ule usiku ulikuwa unahesabiwa ni wa Ijumaa tayari. Kwa hiyo mtoto akizaliwa Jumatano saa mbili usiku karatasi za hospitali zitaandika Jumatano na bibi atamwita Khamis, na wote wako sawa. Kama ulizaliwa mchana basi jina lako la kurithi tu, labda la babu, wako akina Juma chungu nzima ambao hawakuzaliwa Ijumaa.

Na usibabaike ukiona wengine wanaandika Hamisi. Jina ni hilohilo, Zanzibar utakuta zaidi Khamis na bara zaidi Hamisi. Shida inakuja vyeti vikitofautiana, hapo mi sina msaada.

Nigusie kidogo Mwanahamisi maana huwa naulizwa sana, watu wanadhani ni "mtoto wa Hamisi". Sio. Mwana hapo ni neno la heshima kwa mwanamke, kama tunavyosema Bi siku hizi, ndo hilohilo la Mwana Kupona, yule mshairi mwanamke wa utendi wa 1858. Kwa hiyo Mwanahamisi ni Bi Hamisi, mwanamke wa Alhamisi, na Mwanaisha ni Bi Aisha, sio binti yake Aisha.

Haya, somo au wajina? Yote mawili sawa, nani kasema lazima uchague? Wajina ni nyepesi, ukiitazama tu unaona "wa jina" humo ndani, na haina maana nyingine ya kukuchanganya. Somo mi naipenda zaidi ila imebeba mizigo: ni mwenye jina kama lako, ni rafiki wa karibu, ni yule mama anayemfunda mwali, na Wakatoliki wanamwita somo yule mtakatifu ambaye mtu kapewa jina lake. Halafu kuna somo la darasani, hilo la kusoma, na hapa ndo watu wanapoteleza. Somo wa jina anakwenda na yangu kama rafiki yangu, baba yangu, shoga yangu, kwa hiyo unasema "huyu somo yangu". La darasani ndo "somo langu". Kwa hiyo kesho ukimsalimia huyo jamaa mwambie "habari somo yangu", ukisema somo langu atadhani unaulizia hesabu.