Kihamba cha baba kimeuzwa, kesi nifungue wapi?

SWALI: Shikamoo mama. Baba yangu alifariki 2018, akatuachia kihamba, yaani shamba la ukoo, cha ekari moja na nusu hapa Marangu. Mwezi uliopita baba mdogo aliuza upande wa chini, wenye kahawa na migomba, na mnunuzi ameshang'oa masale, ile mimea ya mpakani. Polisi wameniambia hayo ni madai, si jinai. Shangazi anataka twende Mahakama ya Mwanzo. Mwenyekiti wa kijiji anasema Baraza la Kata litatoa hukumu, kama lilivyofanya kwa jirani zamani. Nimsikilize nani?
Binti wa Marangu

JIBU: Marahaba mwanangu, na pole sana. Kung'olewa masale si jambo dogo kwa Mchaga, najua ulivyoumia.

Naanza na ya kwangu. Mama yangu mzazi alishinda kesi ya shamba katika mahakama isiyokuwa na mamlaka juu ya ardhi. Hukumu ikatoka na muhuri wake, akaitia kwenye mfuko wa nailoni na kuilaza chini ya godoro. Miaka minne baadaye, kwenye rufaa, jaji akauliza jambo moja tu: mahakama ile ilipata wapi mamlaka? Mwenendo wote ukafutwa. Tulipoanza upya, mashahidi wawili kati ya watatu tulikuwa tumeshawazika. Ndiyo maana nakusihi usikimbilie mlango wowote ulio wazi.

Polisi wamekueleza sawa. Shtaka la kuingia kwa jinai halisimami wakati umiliki wenyewe bado unabishaniwa.

Shangazi naye ana sehemu yake ya ukweli. Mahakama ya Mwanzo haiamui nani mwenye ardhi. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura 216, inaikataza. Lakini mirathi ya wanaofuata mila hufunguliwa huko huko, na wewe huwezi kukwepa mirathi. Hujaniambia kama yupo msimamizi. Kama hayupo, hapo ndipo pa kuanzia, maana mali ya marehemu hudaiwa na msimamizi wa mirathi. Ukishtaki kwa kuwa tu wewe ni mtoto wake, kesi itatupwa kabla hujatamka neno masale. Kaeni kikao cha ukoo, andikeni muhtasari, mwende nao pamoja na cheti cha kifo.

Mwenyekiti wa kijiji anakumbuka sheria ya zamani. Tangu marekebisho ya 2021, Baraza la Kata halitoi hukumu ya ardhi, linasuluhisha tu. Hata hivyo lazima upite hapo. Lina siku 30. Likishindwa kuwapatanisha, omba hati inayosema hivyo, kwa sababu Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halipokei shauri la umiliki bila hiyo hati. Siku 30 zikipita bila usuluhishi, sheria inakuruhusu kwenda wilayani hata bila hati.

Huko wilayani ndiko kwenye uamuzi. Mwenyekiti wa baraza hukaa na wazee wa baraza wasiopungua wawili, na maoni yao lazima yatolewe kabla ya hukumu. Ukiona yamerukwa, andika tarehe, utaihitaji kwenye rufaa. Mamlaka yake kwa madai ya kurudishiwa ardhi yanaishia shilingi milioni 300. Kipande kikizidi thamani hiyo, shauri linaanzia Mahakama Kuu. Washtaki wote wawili, baba mdogo aliyeuza na mnunuzi, na siku hiyo hiyo omba zuio la muda asijenge. Usiporidhika na uamuzi, una siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu.

Usikae ukitegemea kwamba kihamba ni cha ukoo na hakihami. Ukomo wa kudai ardhi ni miaka 12, na kwa shamba ambalo marehemu alikuwa analishikilia hadi anafariki, unahesabiwa tangu siku ya kifo. Kwako ni 2030, na mirathi peke yake inaweza kula muda mrefu ukoo ukigawanyika.

Jambo la mwisho, lifanye leo. Visiki vya masale vilivyobaki usivifukie, wala usipande mapya. Vipige picha mkiwa na jirani wa upande wa pili, yule anayejua nani aliyapanda. Baraza linaweza kuja kuuona mpaka, na mtakachowaonyesha ni hivyo visiki.